Nakala 175: Jinsi shairi "Paris" la Hope Mirrlees lilivyochapwa kwa mkono, na kwa nini lilipotea

Mei 1920, Leonard Woolf na mkewe Virginia, mwandishi wa riwaya, walitoa kijitabu chembamba kutoka nyumbani kwao Hogarth House, Richmond, pembezoni mwa London. Kiliitwa *Paris: A Poem*, na mwandishi wake, Hope Mirrlees, alikuwa na umri wa miaka 33. Ndani yake kuna matangazo ya biashara yaliyoandikwa kwa herufi kubwa, majina ya vituo vya treni ya chini ya ardhi, nota za muziki, mshororo ulioshuka wima herufi moja moja, na mwishoni vinyota vilivyopangwa kwa umbo la Dubu Mkubwa, kundi la nyota angani. Ilikuwa miaka miwili kabla ya *The Waste Land*, shairi maarufu la T. S. Eliot. Zilitoka nakala 175, kisha shairi halikuchapwa tena kwa miaka 53.

Maelezo yanayotolewa mara nyingi ni kwamba wahakiki wa kiume walilizika. Tahakiki mbaya ilikuwepo, ndiyo, lakini haitoshi kueleza yaliyotokea. Vitabu vingi vya usasa, yaani fasihi ya majaribio ya mwanzo wa karne ya 20, vilitukanwa vibaya zaidi na bado viko madukani. Sababu za kweli zimo kwenye namna shairi lilivyotengenezwa, idadi ya milango lililopitia kumfikia msomaji, na uamuzi wa mwandishi mwenyewe.

Mwandishi

Mirrlees alizaliwa 1887 katika familia iliyotajirika kwa mitambo ya viwanda vya sukari, na sehemu ya utoto wake ilipita Afrika Kusini. Pesa hiyo ina maana kwenye kisa hiki: hakuhitaji kuishi kwa kalamu, kwa hiyo hakuwahi kulazimika kuhangaikia kitabu kibaki sokoni. Alisoma Kigiriki Newnham College, Cambridge, chini ya Jane Ellen Harrison, mtaalamu wa dini za Wagiriki wa kale aliyemzidi miaka 37. Baadaye waliishi pamoja hadi Harrison alipofariki 1928, wakisoma Kirusi Paris na kutafsiri pamoja. Tafsiri yao ya maisha ya kasisi Mrusi Avvakum ilitolewa na Hogarth Press, kampuni ya akina Woolf, mwaka 1924.

Riwaya zake ni tatu: *Madeleine* (1919), *The Counterplot* (1924) na *Lud-in-the-Mist* (1926). Hii ya mwisho ndiyo inayojulikana zaidi leo, kwa wapenzi wa hadithi za kifantasia. Anayeijua hiyo peke yake hawezi kukisia kwamba mtu huyohuyo aliandika "Paris".

Shairi linafanya nini

Ni siku moja ya mjini, kuanzia mchana hadi alfajiri, majira ya kuchipua ya 1919. Vita vya Kwanza vya Dunia vimekwisha miezi michache tu nyuma, na Mkutano wa Amani umeujaza mji wajumbe. Rais Wilson wa Marekani anapita ndani ya shairi akinusanusa kama mbwa. Mshororo wa kwanza unadai neno moja litakalobeba sentensi nzima, wazo lililotoka moja kwa moja kwenye masomo ya Harrison kuhusu lugha za kale. Kisha, bila onyo, msomaji yuko kwenye treni: NORD-SUD, jina la kampuni iliyoendesha njia hiyo, ZIG-ZAG, karatasi za kusokotea sigara, LION NOIR, rangi ya viatu, CACAO BLOOKER, kakao. Hakuna kitenzi kinachosema "niliona mabango". Mabango yenyewe ndiyo yamewekwa mbele ya macho.

Safari hiyo unaweza kuifuata kwenye ramani. Mwandishi aliweka anwani mwishoni mwa shairi: 3 Rue de Beaune, hatua chache kutoka kituo cha Rue du Bac. Vituo vinavyotajwa vinafuatana sawasawa: Rue du Bac, Solférino, Chambre des Députés, halafu chini ya mto Seine hadi Concorde. Wakati treni inapita chini ya maji, shairi linatoa mlio wa vyura wa Aristophanes, mtunzi wa tamthilia wa Ugiriki ya kale, waliokuwa wakiimba pale mungu Dionysos alipovushwa kwenda kuzimu. Kwa hiyo safari ya dakika chache ni pia safari ya kuzimu, na kuzimu huko kuna wafu wa vita. Hapo ndipo elimu ya Kigiriki inapofanya kazi badala ya kuwa pambo.

Mbinu hizi hazikutoka hewani. Mshairi wa Kifaransa Apollinaire alikuwa amechapisha mashairi yake ya maumbo mwaka 1918, na Mirrlees mwenyewe uzeeni alikiri kwamba Cocteau, mshairi mwingine wa Kifaransa, alimwathiri. Alichokifanya yeye ni kuuleta uhuru huo wa Kifaransa katika Kiingereza, kwa shairi refu, na kuweka maelezo mafupi mwishoni, jambo ambalo Eliot naye angelifanya baadaye. Watu hupenda kuruka kutoka hapo hadi kusema Eliot aliiba. Kufanana hakuthibitishi hilo: wote wawili walikuwa wakinywa kwenye kisima kimoja cha Paris.

Mtambo na mikono iliyouendesha

Machi 1917 akina Woolf walinunua mtambo mdogo wa mkono huko Farringdon Road, London. Pamoja na herufi na vifaa vyake, gharama ilikuwa pauni 19, shilingi 5 na peni 5. Chuo cha uchapaji kilikuwa kimewakataa, kwa kuwa ufundi huo ulifunzwa kwa wanagenzi waliokubaliwa na vyama vya wafanyakazi, si kwa wanandoa wa makamo. Walijifunza kwa kijitabu cha kurasa 16 kilichokuja na mtambo. Leonard alikuwa na ugonjwa wa kutetemeka mikono, hivyo hakuweza kupanga herufi. Yeye aliendesha mtambo. Virginia alipanga herufi na kushona vitabu.

Kazi yenyewe inakwenda hivi. Herufi ni vijiti vya mchanganyiko wa risasi, bati na antimoni, vilivyogawanywa katika sanduku lenye vijumba vingi, kila herufi na kijumba chake. Mpangaji anashika mkono wa kushoto kijisinia cha chuma chenye kingo tatu, na kwa mkono wa kulia anaokota herufi moja moja na kuipanga kutoka kushoto kwenda kulia, ikiwa imegeuzwa miguu juu. Ukurasa ukijaa unahamishwa kwenye fremu ya chuma, unazungushiwa vipande vya mbao na kukazwa kwa kabari. Wino unapakwa kwa rola, karatasi inawekwa, wenzo unavutwa. Karatasi ya kwanza ni prufu, ya kukagulia makosa. Ikishasahihishwa, zinachapwa nakala zote za ukurasa huo, halafu fremu inafunguliwa na kila herufi inarudishwa kwenye kijumba chake, kwa sababu herufi hizohizo zinahitajika kwa ukurasa unaofuata.

Hatua hiyo ya mwisho ndiyo ufunguo wa kisa kizima. Kiwanda kikubwa kingeweza kuacha kurasa zikiwa zimefungwa, au kutengeneza mabamba, ili toleo la pili liwe rahisi. Mchapaji wa nyumbani mwenye masanduku machache ya herufi hana anasa hiyo. Nakala ya 175 ikishatoka na herufi zikirudishwa, ukurasa haupo tena popote isipokuwa kwenye nakala zilizochapwa. Toleo la pili maana yake ni kuanza upya kuanzia herufi ya kwanza.

Na hesabu ya jasho si ndogo. Kijitabu cha kurasa 20 tu, ukichapa ukurasa mmoja kwa kila mvuto wa wenzo, nakala 175 zinahitaji mivuto 3,500, bila kuhesabu prufu na karatasi zilizoharibika.

Nafasi tupu ni chuma

Anayeandika kwa kompyuta hudhani ukurasa wenye maneno machache ni kazi nyepesi. Kwenye herufi za risasi ni kinyume. Kila nafasi nyeupe ni kipande cha chuma kisicho na herufi juu yake, kifupi kidogo kuliko herufi ili kisiguse wino. Mstari wowote, hata wenye herufi moja, sharti ujazwe kwa vijazio hivyo hadi ukaze kutoka ukingo hadi ukingo. Usipokaza, mambo mawili hutokea: herufi zinalegea na kuanguka fremu inapoinuliwa, au kijazio kinapanda taratibu kadiri mtambo unavyogonga, kinafikia wino na kuacha alama nyeusi mahali palipotakiwa kuwa peupe. Kasoro hii ya pili ni ya hila, kwa sababu prufu inaweza kutoka safi na alama ikaanza kuonekana nakala kadhaa baadaye.

Sasa tazama mshororo maarufu zaidi wa shairi. Mei Mosi 1919 kulikuwa na mgomo mkubwa Paris. Desturi ya siku hiyo ni kuuza mitaani vishada vya muguet, maua madogo meupe yenye umbo la kengele. Mwaka huo wauzaji hawakuwepo. Mirrlees anasema hivyo kwa sentensi fupi ya Kiingereza, *There is no lily of the valley*, yaani hakuna muguet, lakini anaishusha wima: herufi 24, kila moja kwenye mstari wake, na mapengo kati ya maneno. Jicho linashuka kwenye bua lisilo na ua. Ukitaka, soma pia kama foleni ya watu wa maandamano, mmoja mmoja.

Kwa mpangaji, sentensi hiyo ya sekunde mbili ni mistari 30 ukihesabu na mapengo sita kati ya maneno saba. Kila mstari una herufi moja au hauna kabisa, na uliobaki wote ni vijazio vya kukaza. Mtu anayepanga kurasa za nathari huishiwa herufi *e*. Anayepanga "Paris" huishiwa vijazio. Herufi kubwa za matangazo nazo ni tatizo, kwa kuwa sanduku la herufi kubwa huwa na idadi ndogo sana kuliko la herufi ndogo. Sehemu za Kifaransa zinataka herufi zenye alama za lafudhi, ambazo kwa kawaida hununuliwa chache. Nota za muziki haziwezekani kabisa kwa herufi za kawaida; hutakiwa kibao cha mchoro kinachowekwa katikati ya herufi na kusawazishwa kimo kwa kubandika vipande vya karatasi chini yake.

Vinyota vya mwisho ndivyo mtihani mgumu kuliko yote. Herufi za risasi zinapenda mistari iliyonyooka, na kundi la nyota halina mstari ulionyooka. Kila kinyota lazima kipate mahali pake kwa kujumlisha vijazio vyembamba na vinene upande wa kushoto, na vipande vya risasi juu na chini, hadi umbo litokee. Kosea kijazio kimoja, Dubu anavunjika mguu.

Hii ndiyo sababu si sahihi kumtaja Virginia Woolf hapa kama mchapishaji tu. Aliyepanga kurasa hizi alilazimika kuamua upana wa kila ukimya kwa vidole vyake. Miaka miwili baadaye alitoa *Jacob's Room*, riwaya iliyojaa nafasi tupu kati ya kipande na kipande. Sidai kwamba "Paris" ndiyo iliyoizaa, ila mtu aliyewahi kushika nafasi tupu mkononi na kuhisi uzito wake hawezi kuitumia ovyo.

Makosa

Aprili 1920 Virginia aliandika katika shajara yake kwamba macho yalikuwa yamemchoka kwa kuandika taarifa za kutangaza vitabu na kwa kusahihisha nakala 160 za "Paris". Yaani alipita kwenye karibu toleo zima, nakala moja baada ya nyingine, na kalamu mkononi. Ukurasa wa jina nao ulibaki na mwaka usio sahihi, 1919 badala ya 1920, na kosa hilo limeendelea kuwapotosha waandaaji wa katalogi.

Makosa ya aina hii yana chanzo kinachoeleweka. Mpangaji anasoma herufi zilizogeuzwa, kwa hiyo *b* na *d*, *p* na *q*, *n* na *u* hubadilishana kwa urahisi. Herufi iliyorudishwa kwenye kijumba cha jirani baada ya ukurasa uliopita itajitokeza kama kosa kwenye ukurasa unaofuata. Zaidi ya hayo, shairi la namna hii linamnyima msomaji wa prufu msaada wake mkubwa, maana ya sentensi. Kwenye nathari neno likipotea sentensi inalia. Kwenye "Paris", ambako jina la kakao linafuatwa na kipande cha Kigiriki, hakuna kinacholia.

Mlango mmoja tu

Tarehe 6 Mei 1920 gazeti la *Times Literary Supplement* lilitoa tahakiki fupi isiyo na jina, iliyoliona shairi kama jaribio la Dada, harakati ya sanaa iliyokejeli mantiki na desturi, na kulikatalia hadhi ya ushairi. Ni uhakiki mvivu. Lakini kumbuka kwamba gazeti hilohilo, Mei 1919, lilikuwa limesifu *Kew Gardens* ya Virginia mwenyewe, na kuwaletea akina Woolf maagizo mengi hadi wakalazimika kupeleka toleo la pili la nakala 500 kwa mchapaji wa kibiashara. Tahakiki ile ingekuwa nzuri, huenda "Paris" nayo ingepelekwa kiwandani. Basi uhakiki ulifunga mlango, ila ulifunga kwa sababu mlango ulikuwa mmoja.

Linganisha na *The Waste Land*. Hogarth Press walilichapa kwa mkono 1923, Virginia akipanga herufi tena, nakala 460 hivi. Lakini kufikia hapo lilikuwa limeshatoka kwenye jarida la *The Criterion* London, kwenye *The Dial* New York, na kama kitabu cha kampuni ya Boni & Liveright, nakala 1,000, yote hayo ndani ya miezi mitatu ya mwisho ya 1922. Muda si mrefu Eliot mwenyewe akawa ndani ya kampuni ya uchapishaji iliyohakikisha mashairi yake hayakosekani. Mirrlees hakuwa na jarida, hakuwa na toleo la Marekani, hakuwa na mhariri wa kumsukuma. Wanunuzi wa Hogarth wakati huo walikuwa hasa wale waliojiandikisha, baadhi wakiwa wametanguliza pauni moja ili watumiwe kila kinachotoka. Kitabu kilikwenda kwenye rafu za marafiki, kikakaa huko.

Mwandishi anakataa

Baada ya kifo cha Harrison, Mirrlees aliingia Ukatoliki na karibu akaacha kuchapisha kabisa. Wasifu wa Harrison aliokusudia kuuandika hakuumaliza. Wakati wa Vita vya Pili Eliot alikuwa mgeni wa kudumu katika nyumba ya familia ya Mirrlees huko Shamley Green, Surrey: mwandishi wa *The Waste Land* na mwandishi wa "Paris" wakipanda ngazi zilezile, mmoja akiwa bingwa wa Ulaya, mwingine akijulikana kama binti wa mwenye nyumba.

Leonard Woolf alipotaka kulitoa shairi upya baada ya vita, Mirrlees alikataa. Sababu ilikuwa ya kiimani. Shairi linafunga kwa salamu kwa mji wa Paris iliyogeuzwa kutoka kwenye sala ya Salamu Maria, na kuna sehemu nyingine zinazochezea mambo matakatifu. Msichana wa 1919 aliziona za kuchekesha. Mwanamke Mkatoliki aliziona kufuru. Akahamia Afrika Kusini kwa miaka kadhaa. Mwaka 1970 kampuni ya Marekani ilipoirudisha *Lud-in-the-Mist* madukani, ilifanya hivyo bila idhini yake, ikiwa haina hata uhakika kama yu hai. Alifariki 1978.

Mwaka 1973 alikubali "Paris" litoke kwenye jarida la *Virginia Woolf Quarterly*, kwa sharti kwamba aondoe aliyoyaona kuwa kufuru. Kwa hiyo kuna matini mbili, na hapa wanafunzi wengi hujikwaa: ya 1920, na ya 1973 iliyokatwa na mkono wa mwandishi mwenyewe. Kanuni ya kawaida ya kuheshimu marekebisho ya mwisho ya mwandishi haifai hapa. Marekebisho ya 1973 hayaliboreshi shairi, ni toba. Mtafiti Julia Briggs alilirudisha shairi la 1920 pamoja na maelezo ya kina mwaka 2007, Sandeep Parmar akahariri mashairi yote ya Mirrlees kwa kampuni ya Carcanet mwaka 2011, na wachapishaji Faber wakatoa toleo la miaka mia mwaka 2020.

Kwa anayetaka kulisoma au kulitafsiri

Anza na picha za kurasa za 1920 au toleo linalozifuata. Kurasa za intaneti zilizonakiliwa kama maandishi matupu hazifai, kwa kuwa kivinjari hukusanya nafasi nyingi kuwa moja: mapengo yanafutika, mshororo wa wima mara nyingine unalala, na nyota zinajipanga foleni. Faili za vitabu vya simu nazo hubadilisha ukubwa wa herufi na kuvunja mistari upya. Ukilazimika kulichapa kwa kompyuta, tumia jedwali lisilo na mistari au herufi zenye upana sawa kwa sehemu za maumbo, kisha toa faili la PDF lisiloweza kujipanga upya. Pima kila jongezo, nafasi tupu inayotangulia mstari, kwa rula kwenye picha ya ukurasa wa asili, usikadirie kwa jicho.

Mfasiri wa Kiswahili aachie matangazo na majina ya vituo kama yalivyo. Ni vitu vilivyobandikwa ukutani, na Mirrlees mwenyewe hakuvifasiri kwa Waingereza wake. Nguvu zake azipeleke kwenye mistari ya Kiingereza inayozunguka mabango hayo, kwa sababu humo sauti inaruka kutoka utani wa mitaani hadi lugha ya ibada ndani ya mshororo mmoja.

Kuhusu haki: Marekani shairi halilindwi tena, kwa kuwa lilitoka 1920. Uingereza linalindwa hadi mwisho wa 2048, miaka 70 baada ya mwaka wa kifo. Kenya na Tanzania, ambako sheria inahesabu miaka 50, ni hadi mwisho wa 2028. Maelezo ya Briggs na dibaji za matoleo mapya yana haki zake tofauti, hivyo atakayechapisha tafsiri atumie maelezo mafupi ya Mirrlees mwenyewe ya 1920 na aandike yake.